Usimcheke mtoto anayeuliza: funzo la Erasto Mpemba

Kwa nini mabati yanalia usiku wakati hakuna mtu anayetembea juu yake? Kwa nini maji ya mtungini ni baridi kuliko ya kwenye ndoo, na yote yamechotwa kisima kimoja? Kwa nini pundamilia wa Mikumi ana milia na punda wa kijijini hana? Mzazi wa Zombo, wilayani Kilosa, anaweza kuulizwa yote matatu kabla uji wa asubuhi haujapoa.

Majibu ya nyumba nyingi yanafahamika. "Ndivyo Mungu alivyoumba." "Kamuulize mwalimu wako." "Wewe nawe, maswali kama polisi!" Mzazi anayejibu hivyo hana ubaya na mwanawe. Ametoka shamba, mpunga unasubiri palizi, mtoto mdogo analia, na juu ya yote jibu lenyewe halijui. Mtu mzima hapendi mtoto amwone hajui.

Swali moja la aina hiyo liliulizwa na mwanafunzi wa Kitanzania, darasa zima likamcheka. Leo wanafizikia duniani wanalitaja kwa jina lake. Mwanafunzi huyo ni Erasto Mpemba. Wengi wanakijua kisa chake kwa juujuu: kijana aliyesema maji ya moto yanaweza kuganda haraka kuliko ya baridi. Kwa mzazi, yenye faida zaidi ni yale yasiyosimuliwa sana: namna alivyochekwa, nani alimsikiliza, na jinsi alivyoandika mwenyewe yaliyomtokea.

Maziwa ya Magamba

Mwaka 1963 Mpemba alikuwa kidato cha tatu katika Shule ya Sekondari Magamba, Lushoto, kwenye milima ya Usambara. Wavulana wa shule hiyo walikuwa na kawaida ya kujitengenezea aiskrimu. Walinunua maziwa, wakayachemsha, wakachanganya na sukari, wakasubiri yapoe, kisha wakayaweka kwenye trei ndani ya sehemu ya friji ya kugandishia. Wenye hamu ya aiskrimu walikuwa wengi na nafasi ilikuwa ndogo. Aliyechelewa alikosa.

Siku moja Mpemba alinunua maziwa kwa kina mama wa pale jirani, akaanza kuyachemsha. Mwenzake aliyekuwa na maziwa yake alipoona hivyo, alikimbilia friji. Akachanganya maziwa na sukari bila kuchemsha, akamimina kwenye trei, akaweka. Mpemba akapiga hesabu: akisubiri maziwa yake yapoe, trei ya mwisho itachukuliwa. Akaamua kuyaingiza yakiwa ya moto, ingawa alijua anaweza kuiharibu friji.

Baada ya saa moja na nusu walirudi pamoja kuangalia. Maziwa ya Mpemba yalikuwa yameshaganda kuwa aiskrimu. Ya mwenzake yalikuwa bado ni majimaji mazito.

Alimuuliza mwalimu wake wa fizikia kwa nini imekuwa hivyo. Mwalimu akamwambia kwamba amechanganyikiwa, jambo kama hilo haliwezi kutokea. Mpemba akalipokea jibu hilo. Mwanafunzi wa zama zile angefanya nini tena? Mwalimu ameshasema.

Lakini wakati wa likizo alikutana na rafiki yake aliyekuwa akitengeneza na kuuza aiskrimu mjini Tanga. Rafiki huyo akamwambia kwamba yeye huweka mchanganyiko ukiwa wa moto, kwa sababu unaganda upesi. Kwa muuza aiskrimu wa Tanga hilo lilikuwa jambo la kazi tu. Hakuwa na kitabu cha kumwambia kwamba haliwezekani, na alikuwa na wateja waliokuwa wakisubiri.

"Fizikia ya Mpemba"

Mpemba alifaulu, akaenda Shule ya Sekondari Mkwawa, Iringa, kwa masomo ya kidato cha tano na sita. Darasani walipofika kwenye kanuni ya Newton inayoeleza jinsi vitu vinavyopoa, akakumbuka maziwa yake. Akauliza tena.

Mwalimu huyu naye alimwambia kwamba amechanganyikiwa. Mpemba alipozidi kubishana, akaambiwa kwamba hiyo ni fizikia ya Mpemba, si fizikia ya watu wote. Darasa likapata msemo. Tangu siku hiyo, kila alipokosea jambo, hata katika hesabu, wenzake walimtania kwa msemo uleule: hiyo ni ya Mpemba.

Mzazi anaweza kusimama hapa kidogo. Kijana huyu hakupigwa, hakufukuzwa shule, hakunyimwa chakula. Alitaniwa tu. Lakini kila aliyesoma shule anajua utani wa namna hiyo unavyofanya kazi. Mara ya kwanza mtoto anacheka pamoja na wenzake, mara ya pili anainamisha kichwa, mara ya tatu hanyooshi mkono tena. Mwalimu hatagundua, kwa sababu darasa lililonyamaza linaonekana kama darasa lililoelewa.

Mpemba hakunyamaza. Alasiri moja alikuta maabara ya biolojia iko wazi. Akachukua bilauri mbili ndogo za maabara, moja akaijaza maji ya bomba na nyingine maji ya moto, akaziweka kwenye friji ya maabara. Baada ya saa moja akaangalia. Maji yote hayakuwa yameganda, lakini bilauri iliyoanza na maji ya moto ilikuwa na barafu nyingi zaidi.

"Sijui, lakini nitajaribu"

Baadaye mkuu wa shule alimwalika mgeni kuzungumza na wanafunzi. Mgeni huyo alikuwa Dk. Denis Osborne, mwalimu wa fizikia wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Baada ya mazungumzo wanafunzi walipewa nafasi ya kuuliza maswali. Mpemba akasimama. Ukichukua vyombo viwili vyenye maji ya kiasi kimoja, akauliza, kimoja kikiwa na nyuzi joto 35 na kingine nyuzi joto 100, ukaviweka kwenye friji, kile kilichoanza na nyuzi 100 kinatangulia kuganda. Kwa nini?

Ukumbi ukacheka. Osborne naye alitabasamu, na baadaye aliandika wazi kwamba alidhani kijana amekosea. Lakini alimwomba alirudie swali, kisha akamuuliza kama ni kweli amelijaribu jambo hilo. Mpemba akajibu kwamba amelijaribu. Osborne akasema kwamba hajui sababu, ila akirudi Dar es Salaam atalifanyia majaribio.

Baadhi ya wanafunzi walimwambia Mpemba kwamba amewaaibisha mbele ya mgeni. Mgeni mwenyewe alikwenda kutimiza ahadi. Chuoni alimwagiza fundi wa maabara afanye jaribio. Fundi akaleta jibu kwamba maji yaliyoanza yakiwa ya moto ndiyo yaliyotangulia kuganda, akaongeza kwamba wataendelea kurudia mpaka wapate jibu sahihi. Hata fundi, akiwa na barafu mkononi, aliona ni rahisi kuamini kitabu kuliko macho yake. Walirudia kweli, na jibu likawa lilelile.

Daktari wa fizikia, mgeni wa heshima mbele ya shule nzima, alimwambia mwanafunzi "sijui", wala heshima yake haikupungua. Kila anapotajwa Mpemba leo, Osborne anatajwa pamoja naye. Wale waliojibu kwa uhakika hawatajwi.

Makala ya watu wawili

Mwaka 1969 Mpemba na Osborne walichapisha makala katika jarida la Uingereza la walimu wa fizikia, Physics Education. Kichwa chake kilikuwa neno moja na alama ya kuuliza: "Cool?" Wakati huo Mpemba alikuwa mwanafunzi wa Chuo cha Usimamizi wa Wanyamapori Afrika, Mweka, mkoani Kilimanjaro. Baadaye alifanya kazi serikalini katika sekta ya wanyamapori, kazi ambayo wakazi wa jirani na Mikumi wanaifahamu vizuri kuliko fizikia ya maabara.

Makala hiyo haikuandikwa kama makala nyingi za kisayansi. Sehemu ya kwanza ni ya Mpemba, na haina fomula hata moja. Anasimulia kwa maneno mepesi: friji ya shule, mwenzake aliyemkimbilia nafasi, rafiki wa Tanga, walimu, kicheko. Anayeanza kusoma anataka kujua nini kilifuata, na kabla hajatambua ameshaingia katika swali gumu la fizikia. Sehemu ya pili ni ya Osborne, anayeeleza vipimo vya chuoni.

Vipimo hivyo navyo vinaeleweka na mtu wa kawaida. Waliweka maji ya kiasi kimoja kwenye vyombo vinavyofanana, wakaanza na joto tofauti, wakaangalia yanachukua muda gani kuanza kuganda. Maji yaliyoanza na nyuzi joto karibu 25 ndiyo yaliyochelewa kuliko yote. Yaliyoanza na nyuzi karibu 90 yaliwahi sana. Walipofunika maji kwa utando mwembamba wa mafuta, kuganda kulichelewa kwa saa kadhaa. Hilo likaonyesha kwamba joto jingi hutokea juu, kwenye uso wa maji. Lakini maji yaliyopotea kwa mvuke hayakutosha peke yake kueleza jambo lote.

Osborne alimalizia kwa onyo ambalo lingefaa kubandikwa ukutani nyumbani na shuleni: swali la mwanafunzi lisidharauliwe, na fizikia inayofundishwa kwa amri ni hatari. Kama angecheka na wengine siku ile Iringa, makala ile isingekuwapo.

Je, ni kweli?

Mzazi atakayemsimulia mtoto kisa hiki ataulizwa mara moja: kwa hiyo maji ya moto yanaganda haraka kuliko ya baridi? Jibu la haki ni kwamba wakati mwingine imeonekana hivyo, na wataalamu bado wanabishana lini na kwa nini.

Mpemba hakuwa wa kwanza kuliona. Aristotle wa Ugiriki ya kale aliliandika zaidi ya miaka 2,300 iliyopita, na baadaye Francis Bacon wa Uingereza na René Descartes wa Ufaransa wakaligusia. Kisha vitabu vya shule vikalisahau, mpaka trei ya maziwa ya Magamba ilipolirudisha.

Sababu zilizopendekezwa ni nyingi. Maji ya moto hupoteza mvuke, kwa hiyo yanayobaki kugandishwa hupungua kidogo. Maji ya moto huzunguka ndani ya chombo, ya juu yakishuka na ya chini yakipanda, na mzunguko huo huharakisha kupoa. Chombo cha moto kikiwekwa juu ya barafu nyembamba iliyoganda ndani ya friji, huiyeyusha na kukaa vizuri zaidi kwenye ubaridi. Tena maji yanaweza kushuka chini ya nyuzi sifuri bila kuganda, kisha yakaganda ghafla, na hiyo huvuruga mashindano yote.

Mwaka 2012 Chama cha Kifalme cha Kemia cha Uingereza kilitangaza shindano la kutafuta maelezo bora. Yalipokewa majibu zaidi ya 22,000, na mshindi akawa mkemia Nikola Bregović wa Kroatia, lakini ubishi haukuisha. Mwaka 2016 Henry Burridge na Paul Linden, wote wa Uingereza, walipima upya kwa makini wakasema hawakupata ushahidi wa kuridhisha kwamba jambo hilo hutokea kwenye maji. Mwaka 2020 Avinash Kumar na John Bechhoefer, nchini Kanada, wakaonyesha kwamba chembe ndogo sana iliyowekwa katika mazingira maalumu ya maabara inaweza kweli kupoa haraka zaidi ikianza na joto kubwa. Wote hao wanaliita jambo hilo kwa jina la Mpemba, wanaolikubali na wanaolipinga.

Mzazi asiogope kumwambia mtoto habari hii yote. Watoto wengi wanadhani sayansi ilishamalizwa na Wazungu waliokufa zamani, na kazi iliyobaki ni kukariri. Kusikia kwamba watu wazima wenye maabara kubwa bado wanabishana juu ya swali la mwanafunzi wa Lushoto kunaweza kumwondolea mtoto dhana hiyo kuliko hotuba yoyote.

Maswali ya Zombo yasiyohitaji friji

Si kila nyumba ina friji, na si kila mzazi atakubali umeme wake uchezewe. Maswali matatu ya mwanzo yanaweza kujaribiwa au kuzungumzwa bila friji.

La kwanza ni la mtungi. Udongo uliochomwa una vitundu vidogo mno visivyoonekana. Maji hupenya taratibu hadi nje ya mtungi, yakakauka kwa upepo. Maji yanapogeuka mvuke huondoka na joto, kama jasho linavyompoza mtu aliyetoka kulima. Ndoo ya plastiki haitoi jasho, ndiyo maana maji yake yanabaki vuguvugu. Mtoto anaweza kuhakikisha kwa chupa mbili zenye maji sawa. Moja aizungushie kitambaa kibichi, nyingine aiache hivyo hivyo, zote azitundike kivulini penye upepo. Baada ya saa mbili aguse maji ya kila moja. Arudie jaribio siku ya mvua, hewa ikiwa nzito, aone kama tofauti inabaki ileile. Mtoto makini atagundua mwenyewe kwamba imepungua, na hapo atauliza kwa nini. Jibu ni kwamba hewa iliyokwisha kushiba unyevu haipokei mvuke mwingine kwa wepesi.

La pili ni la mabati. Jua la mchana huyapasha moto yakatanuka kidogo. Jioni yanapopoa hujikunja, lakini misumari inayashika. Yanavutana na misumari na mbao mpaka yanateleza ghafla, na huo ndio mlio. Mtoto anayeogopa kulala kwa sababu ya sauti hizo apewe daftari. Kwa wiki moja aandike kila jioni: leo kulikuwa na jua au mawingu, mlio wa kwanza umesikika saa ngapi, umesikika mara ngapi. Baada ya wiki ataona kwamba sauti zinafuata jua. Mtoto aliyehesabu mwenyewe hatishiki kirahisi akiambiwa kuna kitu juu ya paa.

La tatu ni la pundamilia, nalo halijaribiwi kwa kumfuata mnyama porini. Hifadhi ya Mikumi ilianzishwa mwaka 1964 na barabara kuu ya Morogoro kwenda Iringa inapita ndani yake, kwa hiyo watoto wengi wamewaona pundamilia wakiwa ndani ya basi. Mwaka 2019 watafiti akiwemo Tim Caro walitoa matokeo ya jaribio ambalo mtoto yeyote angelifurahia. Waliwavisha farasi nguo zenye milia, kisha nguo za rangi moja, wakahesabu nzi wanaotua. Kwenye nguo zenye milia nzi walitua wachache zaidi. Walifika karibu na farasi kama kawaida, lakini walishindwa kutua vizuri. Kwa mtoto wa mfugaji anayejua adha ya nzi wanaouma ng'ombe, jibu hilo lina maana kuliko picha ya kitabuni.

Lipo na swali la jikoni: kwa nini bisi hupasuka? Ndani ya punje kuna maji kidogo, na ganda lake ni gumu. Sufuria ikipata moto, maji hayo hugeuka mvuke usio na pa kutokea, mpaka ganda linapasuka. Mama au baba atoboe punje kumi kwa sindano, aziweke sufuriani na kufunika, kisha kando apike punje kumi nzima. Mtoto ahesabu zilizopasuka kila upande. Moto na mafuta abaki navyo mkubwa, kazi ya mtoto ni kukisia kabla, kuhesabu baada, na kuandika.

Mtoto anaponyamazia kidato cha kwanza

Kuna jambo ambalo wazazi wengi wa vijijini wamelishuhudia bila kulipa jina. Mtoto aliyekuwa na maswali yasiyoisha darasa la tano anafika sekondari, na ghafla hana swali. Anasemekana amekua, ametulia. Mara nyingi kilichotokea ni kwamba masomo yamehama kutoka Kiswahili kwenda Kiingereza. Swali bado analo, lakini hana maneno ya kuliuliza, na akijaribu kwa Kiingereza chenye makosa anachekwa mara mbili: kwa swali na kwa lugha.

Hapa nyumbani pana kazi ambayo shule haiwezi kuifanya. Mtoto wa kidato cha kwanza apewe nafasi ya kulieleza somo la leo kwa Kiswahili, au kwa Kikaguru au Kividunda kama ndiyo lugha ya nyumba. Mzazi hahitaji kuijua fizikia. Anahitaji kumwambia, "Hebu nieleze mimi nisiyesoma, nielewe." Mtoto akishindwa kumweleza bibi yake kwa nini mtungi unapoza maji, bado hajalielewa somo, hata kama amelikariri kwa Kiingereza. Akiweza, maneno ya Kiingereza yatakuwa na pa kukaa.

Mpemba mwenyewe, kwenye makala yake, alieleza jambo gumu kwa maneno ya mtu anayemsimulia jirani yake. Watoto wanaoandika hivyo ni wale waliozoea kusikilizwa wakisimulia.

Namna ya kujibu bila kujua jibu

Wahenga walisema kuuliza si ujinga. Methali hiyo huambiwa watoto, lakini wakubwa pia inawahusu. Mzazi aliyeulizwa asichokijua ana njia tatu nyepesi.

Kwanza, amrudishie mtoto swali la Osborne: umeliona mwenyewe, au umesikia? Swali hilo halimdharau mtoto. Linamfundisha kutofautisha alichoambiwa na alichokiona. Kama ameona, aeleze: lini, wapi, mara ngapi.

Pili, aseme "sijui" kwa sauti ya kawaida, kisha aongeze "tutajaribu" au "tutauliza", na ataje siku. Ahadi isiyo na siku mtoto anaijua: ni njia nyingine ya kufukuzwa. Jumamosi baada ya kufua, au Jumapili baada ya ibada, inatosha. Siku ikifika, mzazi asimame nayo kama Osborne alivyosimama na yake.

Tatu, liwepo daftari la maswali, hata la kurasa arobaini. Swali liandikwe kwa maneno ya mtoto, na tarehe. Mengine yatajibiwa baada ya dakika kumi, mengine mwalimu wa sayansi akipita, mengine miaka kumi baadaye mtoto akiwa chuoni. Mpemba alikaa na swali lake tangu Magamba mpaka Mkwawa bila jibu, na halikuharibika kwa kukaa.

Ndugu zake pia waambiwe. Mara nyingi anayemnyamazisha mtoto ni kaka au dada mkubwa kwa kicheko, kuliko baba au mama. Nyumba ikiwekewa sharti kwamba anayecheka swali ndiye atakayelifanyia jaribio, kicheko kitapungua haraka, na ndoo za maji zitapata wabebaji.

Mtoto aliyeuliza habari za mabati leo huenda asiwe mwanafizikia. Anaweza kuwa fundi wa kuezeka, mkulima wa ufuta, muuguzi au askari wa wanyamapori. Katika kazi zote hizo itafika siku atakapoona jambo lisilolingana na alivyofundishwa: paa linalovuja mahali pasipostahili, zao linalokauka wakati mvua imenyesha, mgonjwa asiyepata nafuu kwa dawa iliyoandikwa. Siku hiyo atasema kwa sauti au atanyamaza, na watu wengine watategemea uamuzi wake.